Asilimia za dini Syria zisomwe kwa hadhari

Ndugu Mhariri,

Habari za Syria katika magazeti yetu hurudia asilimia za Wasuni, Waalawi (tawi lililotokana na Ushia), Wadruzi (jamii ndogo yenye dini yake) na Wakristo kana kwamba zimehesabiwa juzi. Sensa ya mwisho ilifanyika 2004, ikapata watu karibu milioni 18, na haikutoa takwimu za dini. Iliyozitoa mara ya mwisho ni ya 1960. Yanayozunguka sasa ni makadirio yaliyojengwa juu ya makadirio.

Kinachopotosha zaidi ni jumla ya watu ambayo asilimia hupigiwa. Tuseme kijiji kina watu 100, kundi dogo likiwa na 10. Vita vikiwaondoa 30 wa kundi kubwa na 2 wa kundi dogo, wanabaki 68, na wale 8 sasa ni karibu asilimia 12. Wamepungua, lakini fungu lao limepanda! Mabomu yalipoangukia miji ya Homs na mashariki mwa Aleppo, na Ghouta Mashariki kandokando ya Damascus, waliokimbilia nje wengi wao walikuwa Wasuni, ambao ndio kundi kubwa. Kwa Wakristo, idadi na fungu vyote vilishuka: familia zao zilikuwa ndogo, na wengi walikuwa na jamaa Ulaya na Amerika wa kuwapokea.

Madaftari ya kusajili watu nayo yana kasoro zake. Lile la serikali humwandika raia kwenye asili ya ukoo wa baba, si anakoishi. Familia ya Deir ez-Zor, mashariki mwa nchi, iliyohamia Damascus zamani bado imo Deir ez-Zor. Madaftari ya ubatizo humbakiza hata aliyekwisha kuhamia Sweden. Mtoto aliyezaliwa ukimbizini Lebanon au Jordan hasajiliwi kwa urahisi bila cheti cha ndoa ya wazazi, na ndoa nyingi za ukimbizini hazikuandikishwa. Hivyo wazee waliohama huhesabiwa na watoto wao huachwa.

Waandishi wanaotumia asilimia hizi waeleze mambo matatu: nani amekadiria, mwaka gani, na kama wakimbizi walio nje wamo. Hilo la tatu ndilo huachwa karibu kila mara, nalo ndilo linalobadilisha jibu kuliko mengine. Tangu serikali ya Assad ilipoanguka tarehe 8 Desemba 2024, wakimbizi zaidi ya milioni moja wamerejea, kwa hiyo asilimia yoyote ya kabla ya hapo iandikwe na tarehe yake.

Msomaji wenu