Ile mboga ya Kichina uliyoniuliza

Shosti wangu,

Mambo, na Tanga kwema? Mie huku Guangzhou mzima, joto tu ndo limeanza kututesa. Nimesikia voisi yako unauliza ile mboga ya kwenye picha niliitia nini mpaka ikawa kijani vile. Wala hakuna dawa shosti, ni maji ya moto na haraka yako tu.

Huku wanakula sana choy sum, ina vimaua vya njano, ila wewe chukua chainizi hiyo hiyo ya sokoni, ni ndugu kabisa hizo. Osha, tenga mashina na majani, na usikatekate kama mchicha, wenyeji wanaacha ndefu ndefu. Maji yachemke haswa ndo utie chumvi na mafuta kidogo, tumbukiza mashina kwanza, baada ya nusu dakika majani, dakika nyingine moja opoa yote. Usifunike sufuria! Ukifunika rangi inapotea, inakuwa kama sare za jeshi. Halafu ichuje mpaka ikauke maana ikibaki na maji sosi haishiki, inatiririka tu chini ya sahani.

Sasa kikaangoni mafuta na kitunguu saumu cha kuponda, moto mdogo, kikianza tu kubadilika rangi epua, kikiungua ni uchungu mtupu. Tia kijiko cha soya sosi (ile nyepesi, ile nyeusi nzito itakuchafulia mboga), kijiko cha sosi ya chaza, sukari chembe, maji kidogo, koroga, mwagia juu. Sosi ya chaza asili yake ni mkoa huu huu wa Guangdong, tangu 1888, wanasimulia eti jamaa alisahau chaza jikoni wakachemka weee mpaka wakabaki rojo zito, akaonja akaona tamu. Ukiikosa acha, mie mwenyewe soya sosi na saumu zinanitosha.

Na nakujua wewe, mkono utakuwasha utie nyanya, hoho na tui kama unaunga matembele. Tamu, sikatai, ila hiyo sio hii.

Ipakue na wali mweupe mle hapo hapo, kiporo chake hakina maana. Ukipata changu mzuri niambie nikuelekeze samaki wa mvuke na tangawizi, ndo mwenzie wa hii mboga.

Msalimie bi mkubwa, na picha nitumie, hata ikiharibika.

Shosti wako