Siku 126 za ugonjwa, na siku ya 127?

Ndugu Mhariri,

Kwa miaka 14 nilikuwa mtunza stoo katika kiwanda kimoja hapa Dar es Salaam. Kupokea mzigo, kuukagua, kuuingiza kwenye leja na kuutoa kwa hati, hiyo ndiyo kazi niliyolelea watoto wangu. Kisha kikaja kidonda kidogo mguuni, nilichodhani ni malengelenge ya kiatu. Kumbe kisukari kilikuwa kimeshafika mbali. Madaktari walipambana nacho wiki kadhaa, mwishowe wakanikata mguu wa kulia chini ya goti.

Sikuandika barua hii kulilia mguu. Naandika kwa sababu nasikia viongozi wakisema wanataka wagonjwa na watu wenye ulemavu wafanye kazi wajitegemee, nami nataka hivyo hivyo kwa moyo wangu wote. Lakini mipango yote ninayoisikia inamlenga mtu ambaye hajawahi kuwa na kazi. Aliyekuwa nayo, akaugua katikati ya safari na angeweza kuirudia, hakuna anayemtaja.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mfanyakazi siku 126 za likizo ya ugonjwa katika mzunguko wa miezi 36. Siku 63 za kwanza unalipwa mshahara kamili, 63 zinazofuata unalipwa nusu. Nilizitumia zote. Na wenye sheria wajue jambo moja ambalo aliyekatwa mguu analijua: mguu bandia haupimwi mpaka kigutu kipone na uvimbe uishe. Kila asubuhi mke wangu alikifunga kwa bendeji, akianzia chini kwenda juu, akikaza chini zaidi ili uvimbe upungue. Ukikosea kufunga, mguu bandia ukija hautakaa. Kazi hiyo inachukua miezi, na miezi hiyo ndiyo ile ambayo mshahara umekuwa nusu huku nauli ya kwenda kliniki imekuwa mara tatu, kwa sababu mtu wa magongo hawezi kugombania daladala asubuhi. Itabidi akodi bajaji.

Siku ya 126 ilinikuta bado nafunga bendeji.

Barua ya kuachishwa kazi ilikuwa na mistari minne. Ilisema hali yangu ya afya hainiruhusu kuendelea na majukumu yangu. Hakuna aliyekuja nyumbani wala kupiga simu kuniuliza naweza kufanya nini. Stoo yetu ina ngazi nne za zege zisizo na mahali pa kushika, na hilo ni kweli, nisingezipanda kwa wakati ule. Lakini pembeni ya stoo hiyo hiyo kuna dirisha la kupokelea mizigo. Anayefanya kazi pale hukaa kwenye kiti kutwa nzima, anapokea hati, anahesabu, anagonga muhuri. Nimewahi kukaa pale mara nyingi mwenzangu alipokuwa likizo. Kati yangu na dirisha lile palikuwa na ngazi nne tu, na fundi seremala yeyote angeweza kuziwekea mteremko wa mbao kwa siku moja.

Nilikuja kuambiwa baadaye kwamba Kanuni za Utendaji Bora za mwaka 2007 zinamtaka mwajiri, kabla ya kumwachisha mtu kwa sababu ya afya, atazame kwanza ugonjwa ni wa kiasi gani, utachukua muda gani, na kama kazi inaweza kurekebishwa au ipo nyingine ya kumpa. Na kwamba ningeweza kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30. Siku 30! Mtu aliyelala na kidonda kibichi, ambaye kwenda chooni tu anashikwa mkono, ndani ya mwezi mmoja awe amejua sheria, amejaza fomu na amefika ofisini. Nilipopata nguvu za kutoka nje, siku hizo zilikuwa zimepita zamani.

Mwenzetu mmoja aliyekatwa vidole na mashine alihudumiwa na Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi. Namshukuru Mungu kwa ajili yake. Mfuko ule ulioanza kazi mwaka 2015 ni jambo jema kabisa, na unagharamia mpaka utengamao, yaani kumsaidia aliyeumia arudishe uwezo wake. Lakini unahusu ajali na magonjwa yatokanayo na kazi. Kisukari, kiharusi, kifafa, saratani, ajali ya bodaboda siku ya Jumapili, hayo hayamo. Na ukitazama mafao mengine ya ulemavu, mlango wake hufunguka pale madaktari wanapothibitisha kwamba uwezo wako wa kujipatia kipato umeshapotea kwa sehemu kubwa. Kwa hiyo mfumo wetu unawajua watu wawili: mzima aende kazini, na asiyeweza akae nyumbani. Mimi nilikuwa wa tatu. Nilikuwa naweza, ila si kwa namna ile ile ya jana.

Sasa nije kwenye asilimia tatu. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu, Namba 9 ya mwaka 2010, inamtaka kila mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi ahakikishe angalau asilimia tatu yao ni watu wenye ulemavu. Kiwanda chetu kilikuwa na watu zaidi ya 200, maana yake tulipaswa kuwa na wenzetu sita au zaidi wenye ulemavu. Katika miaka yangu yote 14 nilimfahamu mmoja, kijana kiziwi wa idara ya kufungasha, mchapakazi ambaye hakuna aliyemshinda kwa kasi. Nami nilipopata ulemavu nikiwa ndani ya kiwanda, ningekuwa wa pili bila mtu kutangaza nafasi wala kufanya usaili. Wakaniondoa. Sijawahi kumwona afisa kazi akija kuhesabu asilimia hiyo, ingawa walikuja kukagua mambo mengine.

Nilipokwenda ofisi ya kata kuomba ushauri nilipokelewa vizuri, na wale maafisa ni watu wenye utu. Ila walikuwa na jibu moja tu mkononi: kikundi. Wote tunaijua mikopo hii ya vikundi ya halmashauri. Kwa mujibu wa sheria, tangu 2018 kila halmashauri inatenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani, nne kwa wanawake, nne kwa vijana na mbili kwa watu wenye ulemavu, bila riba. Ilisitishwa 2023, ikarudi 2024. Nikaunganishwa na mama mmoja asiyeona, kijana mwenye ulemavu wa ngozi na wengine wawili. Tuliandika katiba, tukachagua mwenyekiti na mweka hazina. Tukaulizwa tutafanya mradi gani, na kabla hatujajibu tukasaidiwa: kuku au sabuni ya maji.

Naomba nieleweke. Wapo watu ambao kuku na sabuni vimewasomeshea watoto, na mkopo usio na riba ni heshima kubwa kwa mtu ambaye benki haimtazami mara mbili. Lakini yule mama asiyeona alikuwa mpokea simu katika ofisi moja kabla macho hayajafifia. Anakumbuka namba za simu za watu kwa kichwa hadi leo. Mimi ni mtu wa stoo. Yule kijana amemaliza chuo, anajua kompyuta, anachohitaji ni kazi ya ndani asikopigwa na jua. Watu watatu wenye ujuzi watatu tofauti tuliwekwa kwenye banda moja la kuku kwa kuwa kitu pekee tulichofanana ni ulemavu. Tena mkopo ni deni. Mtu asiye na mguu bandia anakopeshwa mtaji kwanza, halafu marejesho ya kila mwezi yanaila ile pesa ambayo angenunulia mguu.

Waswahili husema mgonjwa haulizwi uji. Kwa uji, sawa. Kwa kazi, mgonjwa na aulizwe.

Mimi mwisho wangu umekuwa mwema kuliko wengi, na wala si kwa mpango wa mtu yeyote serikalini. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi mtaani kwetu alinikuta barazani nikimfundisha mwanangu kuandika leja. Akaniuliza kama naweza kumtengenezea hesabu za stoo yake, maana misumari na nondo vilikuwa vinapotea bila maelezo. Alifanya mambo mawili tu. Alishusha rafu ya vitu vidogo, koki, viungio vya mabomba na vitasa, ikafika usawa wa kifua changu nikiwa nimekaa. Na akakubali niende siku tatu kwa wiki, kwa sababu siku ya nne kigutu huvimba na mguu bandia unanichubua. Mwezi wa kwanza tuligundua mifuko ya saruji ilikuwa inatoka bila hati. Ule mshahara wa siku tatu tunanunulia dawa na chakula, na nakula nikijua nimeufanyia kazi.

Kwa hiyo, Ndugu Mhariri, wabunge wetu na wizara yenye dhamana ya kazi wakikaa kuzungumzia mageuzi, naomba watazame pale kwenye pengo. Baada ya siku 126 asiachishwe mtu kwa barua peke yake. Kiwepo kikao cha lazima, mwajiri, mfanyakazi na mtu wa afya au ustawi wa jamii, na swali mezani liwe moja: kazi gani hapa anaweza kuifanya, na kuanzia lini, hata kama ni kwa saa chache. Siku 30 za kulalamika zianze kuhesabiwa pale mtu anapoweza kusimama. Sehemu ya ile asilimia mbili iruhusiwe kutoka kama msaada, wala si mkopo, kwa ajili ya kitu kinachomrudisha mtu kazini: mguu bandia, fimbo nyeupe, shimesikio la kumsaidia asiyesikia vizuri, mafuta ya kukinga ngozi, mteremko wa mbao kwenye ngazi nne. Na ile asilimia tatu waajiri waitolee taarifa kila mwaka kwa maandishi, na anayeomba zabuni ya serikali aiambatanishe. Tunaambatanisha cheti cha kulipa kodi bila kunung'unika, hili nalo litawezekana.

Najua waajiri watasema ni gharama. Kuna gharama, sikatai, na wenye viwanda vidogo wasaidiwe. Lakini kumfundisha mtu mpya stoo yenye bidhaa za aina mia kadhaa ni gharama pia, ila hakuna anayeiandika popote. Aliyechukua nafasi yangu alinipigia simu kwa miezi miwili kuniuliza vitu vimekaa wapi. Nilikuwa namjibu nikiwa kitandani, na kila mara nilikuwa sahihi.

Katiba yetu ya mwaka 1977, ibara ya 11, inaitaka mamlaka ya nchi iweke utaratibu wa kufanikisha haki ya mtu kufanya kazi, na haki ya kusaidiwa na jamii wakati wa uzee, maradhi au ulemavu. Nimeisoma mara nyingi tangu nikatwe mguu. Kazi na msaada vimewekwa ndani ya sentensi moja, bila kumtaka mtu achague kimoja. Huko chini maofisini ndiko vilikotenganishwa.

Na kama kuna mwajiri anayesoma hapa, mwenye mtumishi aliye kwenye zile siku 63 za pili, za nusu mshahara, namsihi asingoje sheria ibadilike. Ampigie simu wiki hii. Amwulize anaweza kufanya nini akiwa amekaa, na siku ngapi kwa wiki. Kisha atoke ofisini kwake, aende mpaka mlangoni pa idara ya mtu huyo, ahesabu ngazi.

Wako msomaji,
Mtunza stoo,
Dar es Salaam