Msafiri wa peke yake asiikimbilie meli Bergen

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niwashauri wanaopanga kwenda peke yao kwa meli katika fiodi za Norwei, yaani mikono ya bahari iliyopenya kati ya milima. Kwanza waulizie nyongeza ya chumba, kwani bei inayotangazwa kwa kawaida huhesabiwa kwa watu wawili wanaolala pamoja, na aliye peke yake huweza kutozwa karibu mara mbili, kana kwamba atakula sahani mbili.

Pili, anayepandia meli katika mji wa Bergen asifike siku ileile ya kung'oa nanga, kwa sababu ndege ikichelewa meli haimsubiri. Alale huko usiku mmoja au miwili, apite katika vichochoro vyembamba vya Bryggen, mtaa wa kale wa bandarini, ambako nyumba za mbao zilizoinamiana ziliingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1979, kisha apande reli ya kebo ya Fløibanen, iliyofunguliwa mwaka 1918, aitazame bandari kutoka juu. Mvua ya Bergen haina msimu, hivyo koti lisilopitisha maji libaki mkononi, lisifungiwe ndani ya sanduku linalotangulia melini.

Msomaji wako