Barua kwa mwanangu aliye Mafinga

Mwanangu Zuhura,

Salamu nyingi kutoka Ukonga. Sisi huku wazima, mama yako mzima, na bibi yako kikohozi kimemwachia. Najua simu mmezikabidhi getini, kwa hiyo nakuandikia kwa mkono, na barua hii itapanda basi ikiwa ndani ya kifurushi kimoja na sweta.

Usiku ule kabla hujaenda kambini uliniuliza ni rubani gani aliyetungua ndege nyingi kuliko wote duniani, nami nikakujibu haraka haraka kwa sababu tulikuwa tunafunga tranka. Jibu ni Erich Hartmann, Mjerumani, ndege 352 katika Vita Kuu ya Pili, na hadi leo hakuna aliyemfikia. Lakini wewe umeniambia kwamba ukimaliza JKT unataka kuomba urubani jeshini. Mtu anayeitaka kazi hiyo kwa dhati asianzie kwenye hesabu hiyo. Nimefundisha historia maisha yangu yote ya kazi, na marubani nimewasoma kuliko ulivyowahi kunisikia nikiwataja. Nipe nafasi nikueleze ningeanzia wapi.

Ningeanzia kwetu Rufiji. Wazee wetu waliitaja sana Manowari ya bomba tatu. Ndiyo Königsberg, meli ya kivita ya Wajerumani. Tarehe 20 Septemba 1914 iliingia Zanzibar alfajiri, ikaikuta meli ya Waingereza, Pegasus, imetia nanga ikitengenezwa, ikaizamisha. Kisha ikaenda kujificha ndani ya mikoko ya Delta ya Rufiji. Waingereza walijua imo humo, lakini meli zao kubwa hazikuweza kupita kwenye maji mafupi, na ukiwa baharini huoni kitu ila miti. Wakahitaji macho ya juu.

Macho ya kwanza yalikuwa ya raia aliyeitwa Dennis Cutler, aliyekuwa Durban na ndege yake ya Curtiss ya kutua majini. Wakamwajiri, wakampa cheo, wakamleta. Novemba akaiona meli. Desemba injini ikamzimikia, akatua ndani ya delta, akatekwa.

Februari 1915 akaja rubani wa Kiingereza, John Cull, na wenzake na ndege za Sopwith. Wewe unalijua joto la Februari la pwani yetu. Ndege zile zilikuwa za mbao, kitambaa na gundi, zimeundwa kwa hewa ya Uingereza. Huku gundi ikaachia, mbao zikapinda, injini zikakosa nguvu, na ndege ikawa inasota majini na mzigo wake bila kunyanyuka. Umesoma fizikia, kwa hiyo unajua sababu: hewa ya moto ni nyepesi, bawa linapata kidogo cha kuegemea na injini nayo inavuta pumzi hafifu. Kila rubani anayeruka katika nchi yetu bado anaipiga hesabu hiyohiyo kabla ya kuondoka uwanjani. Ndege zikabadilishwa mara mbili. Hatimaye zikaja za magurudumu, Farman na Caudron, zikawa zinaruka kutoka kisiwa cha Mafia.

Waingereza wakaleta pia manowari mbili za maji mafupi, Severn na Mersey, zilizojengwa kwa ajili ya Brazil, wakazikokota kutoka Malta hadi huku. Tarehe 6 Julai zikaingia mtoni na kupiga makombora zaidi ya 600, na Königsberg ikabaki imesimama. Tatizo lilikuwa kwamba wapiga mizinga hawakuiona shabaha yao. Walikuwa wanapiga juu ya miti kwa kuambiwa.

Tarehe 11 Julai wakarudi. Juu yao Cull alikuwa anaendesha, na mwenzake, Harwood Arnold, alikuwa na simu ya upepo. Kombora likianguka, Arnold anatuma herufi: limepungua, limezidi, limekwenda kushoto. Wa chini wanarekebisha mzinga na kupiga tena. Wakaanza kulipata lengo. Papo hapo mizinga ya Königsberg nayo ikaipata ndege, injini ikavunjika. Wakatuma habari kwamba wamepigwa na kwamba wapelekewe mashua. Halafu, Zuhura, ndege inashuka bila injini, maji yanawakaribia, na Arnold anaendelea kutuma masahihisho ya mizinga! Waliangukia mtoni karibu na Mersey, ndege ikapinduka. Arnold akarushwa nje. Cull hakuwa amefungua mkanda, akazama na ndege, akajinasua kwa kuuvunja, na alipoibuka alimkuta mwenzake hajaogelea kuokoa roho yake, yupo palepale anamtafuta.

Siku hiyo Königsberg ikafa, nahodha wake Max Looff akailipua mwenyewe. Kazi ya wale wawili angani haikuwa kufyatua. Ilikuwa kuona na kusema, na kutonyamaza mpaka mwisho. Kwangu mimi huo ndio urubani wa vita, na hauingii kwenye orodha ya Hartmann.

(Mizinga 10 ya meli ile Wajerumani waliitoa, wakaileta hapa Dar es Salaam, ikawekewa magurudumu kwenye karakana ya reli, kisha ikaburutwa vitani nchi nzima kwa nguvu za watu. Mmoja upo Fort Jesus, Mombasa. Cull na Arnold walipewa nishani. Wapagazi wa vita vile, walikufa kwa maelfu na wengi wao hata majina hayakuandikwa. Ukipita Posta, pale kwenye sanamu ya Askari, wakumbuke na wao.)

Sasa nikupeleke mbali kidogo, kwa watu waliofanana na sisi rangi. Mwaka 1941 jeshi la Marekani lilianza kuwafundisha urubani vijana weusi huko Tuskegee, Alabama, wakiwa peke yao, kwa sababu wakubwa wengi hawakuamini kwamba mtu mweusi ana akili na ujasiri wa kuendesha ndege ya vita. Darasa la kwanza lilikuwa na watu 13. Machi 1942 waliohitimu ni 5. Mmoja wao ni Benjamin Davis, na huyu nataka umjue vizuri.

Davis alikuwa amepita chuo cha kijeshi cha West Point, 1932 hadi 1936. Miaka yote minne wenzake walikubaliana wasimsemeshe nje ya shughuli za kazi. Alilala chumba chake peke yake, alikula mezani kimya. Walitaka achoke aondoke. Alihitimu wa 35 katika darasa la watu 276. Kabla hajahitimu alikuwa ameomba urubani, akakataliwa kwa sababu hakukuwa na kikosi cha weusi cha kumpeleka. Nawaza wewe hapo kombaniani, ambako hata usipopendwa kuna mwenzako wa kitanda cha jirani wa kupiga naye soga usiku. Yeye hakuwa naye.

Mwaka 1944 alikuwa Italia, kamanda wa kikosi namba 332, ndege zao za P-51 zimepakwa mkia mwekundu. Kazi yao ilikuwa kuzisindikiza ndege kubwa za mabomu, kila moja ina watu 10, ndani kabisa ya ardhi ya adui. Kazi ya kusindikiza ina mtego wake. Ndege ya adui inakuja, inajionyesha, inageuka kama inakimbia. Ukiifuata utaiangusha labda, na jina lako litaandikwa. Lakini nyuma yako umeacha pengo, na adui wa pili anaingia kwa wale 10. Davis aliwaambia vijana wake wakae na waliokabidhiwa. Fikiria kijana wa miaka ishirini na kitu aliyetukanwa maisha yake yote kwamba hawezi, mbele yake kuna ndege ya Mjerumani imempa mgongo, na anaiacha iende.

Kuna sifa inayosemwa sana, kwamba hawakupoteza hata ndege moja waliyoisindikiza. Si kweli, na sipendi uibebe. Mwanahistoria wa jeshi lao la anga, Daniel Haulman, alipekua kumbukumbu na kukuta ndege 27 zilizotunguliwa na ndege za adui zikiwa chini ya ulinzi wao. Lakini wastani wa vikosi vingine vilivyofanya kazi ileile ni 46. Hesabu ya kweli inatosha kabisa kuwaheshimu. Na walipotakiwa kupigana walipigana: tarehe 24 Machi 1945 walisindikiza hadi Berlin na kurudi, zaidi ya kilomita 2,500, na wakaangusha ndege tatu za Me 262, za jeti, zenye mbio kuliko zao. Julai 1948 Rais Truman akasaini amri ya kuondoa ubaguzi jeshini.

Umewahi kuniuliza kama inauma. Zile ndege zinazotikisa mabati yetu zikifanya mazoezi kabla ya sherehe za 9 Desemba, zinapokata kona kali, mwili wa rubani unakuwa mzito mara nyingi kuliko kawaida. Kwenye ndege za kisasa inaweza kufika mara tisa. Msichana wa kilo 60 anakandamizwa kana kwamba ana kilo 540. Mkono haunyanyuki. Damu inashuka miguuni, rangi zinapotea machoni, kisha giza, na asipojizuia anazimia huku ndege inakwenda. Ndiyo maana wanavaa suruali zinazojaa upepo na kubana mapaja, na wanafundishwa kukaza miguu na tumbo na kuvuta pumzi fupifupi. Wale wa P-51 walikaa saa tano, sita, wamefungwa kwenye kiti kimoja, barakoa ya oksijeni usoni, na nje baridi ya kugandisha. Huo mchakamchaka wa alfajiri usiudharau.

Na kama kuna mtu hapo anakuambia hii si kazi ya wanawake, katika vita hiyohiyo kulikuwa na kikosi cha wanawake peke yao cha Urusi, namba 588, kilichoanzishwa na Marina Raskova. Waliruka usiku na Po-2, ndege ya mbao na kitambaa, ya mwendo wa kama kilomita 150 kwa saa. Walipokaribia walipunguza injini na kuteleza kimya. Nadezhda Popova, mmoja wao, alisimulia jinsi walivyokwenda kwa makundi: wawili wanajipitisha makusudi ili mataa ya adui yawamulike na risasi ziwafuate, wa tatu anaingia gizani na mabomu. Kisha wanabadilishana zamu. Kila mmoja usiku uleule alikuwa wa kumulikwa.

Lakini mwanangu, kazi hii ina upande wa chini, waliko watu. Sisi Watanzania tumekuwa upande huo. Vita vya Kagera, ndege za Amin zilipiga Bukoba. Mwishoni mwa Machi 1979, Gaddafi akiwa upande wa Amin, ndege ya Libya aina ya Tu-22 ilitumwa kupiga Mwanza. Mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane na kuua wanyama. Upande wa pili wa maji yale kuna mji uliojaa watu. Rubani yule aliruka juu na kwa kasi, akageuza, akarudi zake. Sijui jina lake na sina haja nalo, ila nataka ujue kwamba ndege ni ileile, mafunzo ni yaleyale, na kuna siku utapewa amri. Nakuombea uwe na makamanda watu wazima wenye hofu ya Mungu, na wewe mwenyewe uwe na kichwa.

Naogopa, nakwambia wazi. Nikisikia injini juu ya paa nitakuwa nakuhesabu wewe. Lakini sitakuzuia. Nafasi zikitangazwa nitakwenda nawe mwenyewe, na vyeti vyako vipo kwenye bahasha ya kaki kabatini, cha kuzaliwa nimeshakipatia nakala tatu zilizothibitishwa kwa wakili.

Ukimaliza kambi, kabla pilikapilika za chuo hazijaanza, tutapanda gari hadi Nyamisati, tuvuke kwa boti kwenda Kilindoni. Njiani utaiona delta yenyewe, na Mafia tutawauliza wenyeji uwanja ule ulikuwa upande gani.

Mama yako bado hajakubali. Hilo niachie mimi, ila mwandikie na yeye barua yake peke yake, usimchanganye na mimi kwenye karatasi moja. Bibi anakusalimu, na mdogo wako anasema amekitunza kitanda chako, ingawa ndicho anacholalia.

Wako,
Baba