Kinachowachosha si saa za simu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwazungumzie wanaoshinda wakijionyesha mitandaoni. Kila mara huambiwa wapunguze saa za simu. Ushauri si mbaya, ila haugusi kidonda. Kinachowamaliza ni kuwa kazini muda wote, hata simu ikiwa mfukoni.

Chukua video moja ya sekunde 30, mtu anacheka karibu na dirisha. Kabla ya cheko hilo kuna vyombo vilivyoondolewa mezani, meza iliyosogezwa ifuate mwanga, kisha kucheka, kujitazama, kufuta, kucheka tena. Ikifika mara ya sita, ni misuli ya uso tu inayocheka. Bado kukata klipu, kuweka muziki, kuandika maelezo na kuchagua saa ya kuposti.

Akishaposti, ndipo kazi nzito inapoanza. Laiki hazina mpango: leo tele, kesho haba, na sababu haijulikani. Zawadi isiyotabirika hung'ang'aniwa kuliko ya uhakika. Mwanasaikolojia B. F. Skinner alilionyesha hilo kwa panya na njiwa miongo mingi kabla Facebook haijaleta kitufe cha laiki mwaka 2009. Ndiyo maana mtu huamka usiku kuchungulia simu. Posti ikidorora, hasemi video haikupendwa. Husema watu wamemchoka, maana alichokiweka sokoni ni nafsi yake.

Kumbukumbu nayo huathirika. Utafiti wa Linda Henkel wa Marekani, uliochapishwa mwaka 2014, ulionyesha kuwa waliopiga picha vitu vizima vya makumbusho walivikumbuka kidogo kuliko waliovitazama tu. Na kuna watoto. Mtoto anayeambiwa apulize mishumaa upya kwa sababu kamera haikuwa tayari huiona kabisa furaha yake ikikataliwa. Hilo linaniuma kuliko yote.

Anayepata riziki mtandaoni hawezi kuambiwa aache tu. Atenge siku moja ya kurekodi klipu za wiki nzima, azipange zitoke kwa ratiba, na siku zilizobaki asijirekodi. Kila klipu irudiwe mara 3, si zaidi. Achague iliyo afadhali aendelee. Akiposti, azime arifa na simu ikae chumba kingine kwa muda wa saa 2. Instagram imeruhusu tangu 2021 kuficha idadi ya laiki, lakini mwenye posti bado anaweza kuzifungua akazihesabu, kwa hiyo hiyo pekee haitoshi. Wengi pia hukosea kwa kutangaza mapumziko kwa posti, wakarudi kusoma komenti za kuagwa. Mapumziko yakaishia hapo.

Kwenye shughuli za familia, mkubaliane mapema nani anarekodi na kwa muda gani. Dakika 5 za mwanzo zinatosha, kisha simu ziwekwe kando. Mtoto akikataa kurekodiwa, asibembelezwe.

Usingizi ukipotea wiki 2 mfululizo, au mtu akaanza kukwepa kuonekana bila filta hata na ndugu zake, apelekwe kwa mtaalamu wa afya ya akili. Akizungumzia kujidhuru, apelekwe siku hiyohiyo, na asiachwe peke yake njiani.

Wako,
Msomaji