Kwenu vijana mnaopima akili za watoto

Wanangu mnaosomea saikolojia, ualimu na ushauri nasaha,

Nimeudhika, na ni afadhali mlijue hilo tangu mwanzo. Nimemwona mmoja wenu, kijana mwenye bidii na adabu, akimwekea mtoto picha nne mezani: sindano, mkasi, kisu na shati. Akamwambia aondoe isiyoendana na nyingine. Mtoto akakisukuma kisu kando, akaeleza bila kuulizwa kwamba vingine vyote ni vya mambo ya kushona, kisu hakimo. Kijana wetu akaweka alama ya kosa, kwa kuwa karatasi yake ya majibu ilitaka shati litoke, vibaki vifaa vitatu. Hakuuliza swali la pili. Maswali ya namna hiyo yalipokwisha, mama aliambiwa mwanawe ana uwezo mdogo wa kufikiri. Nilimtazama yule mama akiikunja ile karatasi ya matokeo, akaikunja tena na tena, hadi ikaenea kiganjani.

Mlipaswa kufundishwa kabla ya kukabidhiwa fomu kwamba akili ya mtu haikai peke yake kichwani. Inafinyangwa na kazi ambazo watu wake wanafanya, namna wanavyofunza watoto, mambo wanayoyahesabu kuwa ya maana. Nayo, kwa upande wake, inaugeuza utamaduni huo kila siku. Ukiitoa humo ukaiuliza maswali ya watu wengine, huenda usipime akili hata kidogo. Utapima ugeni wa mtu mbele ya swali lako.

Hapa naomba mnivumilie, maana kisa hiki ningependa kila mmoja wenu akijue kama jina lake. Mwanasaikolojia Michael Cole na wenzake walifanya utafiti miongoni mwa Wakpelle wa Liberia. Mwenzake mmoja, Joseph Glick, alisimulia jinsi wakulima walivyopewa vitu kama 20 hivi, vyakula, nguo, zana na vyombo, wakaombwa waviweke vile vinavyokwenda pamoja. Watafiti walitarajia mafungu manne: chakula na chakula, zana na zana. Wakulima wakaviweka kwa matumizi, kisu pamoja na chungwa, kwa sababu kisu ndicho kinachokata chungwa. Walipoulizwa kwa nini, jibu lilikuwa kwamba hivyo ndivyo afanyavyo mtu mwenye hekima. Mwishowe watafiti wakauliza: na mpumbavu angevipangaje? Papo hapo yakatoka mafungu manne yaliyonyooka, yaleyale yaliyosubiriwa tangu asubuhi.

Lisomeni tena hilo. Uwezo walikuwa nao muda wote. Walichokosa ni sababu ya kuutumia, kwa kuwa kwao mtu hapimwi hekima kwa kutenga vitu na kazi zake. Na nyinyi mnafanya nini? Mnasimama na saa mkononi, mnamhesabia mtoto sekunde, mnaandika “hawezi” mahali ambapo ukweli ni “hakuona haja” au “hakujua nataka nini”. Hilo ni uvivu, wanangu. Si sayansi. Swali moja la ziada, “kwa nini umekiweka hapo?”, halichukui hata dakika. Nimewaona mnalikwepa kwa sababu mwongozo hauliruhusu, kama kwamba mwongozo ulishuka kutoka mbinguni. Mwongozo uliandikwa na watu, kwa ajili ya watoto wao, na wengi wa waliouandika hawakukusudia uvuke bahari bila kujaribiwa upya.

Robert Serpell aliwapa watoto wa Zambia na wa Uingereza kazi ya kunakili maumbo, akachapisha matokeo mwaka 1979. Kwa kalamu na karatasi watoto wa Uingereza walishinda. Kwa waya, ambao watoto wa Zambia huufinyanga kuwa magari ya kuchezea, walishinda wa Zambia. Kwa udongo wa kufinyanga walikuwa sawa. Sasa niambieni, mtoto yupi ana akili zaidi? Na kama wakati huo ungekuwa na kalamu tu mfukoni, ungeandika nini kwenye fomu?

Mengine nayataja tu, mkayatafute wenyewe. Mwaka 1966 watafiti Segall, Campbell na Herskovits walionyesha kwamba hata jicho linafunzwa: mistari miwili yenye urefu sawa, mmoja vishale vya ncha zake vimeelekezwa ndani na mwingine nje, iliwahadaa zaidi watu wa Evanston, Marekani, wakauona mmoja mrefu, kuliko wawindaji wa Kalahari. Scribner na Cole, kwa Wavai wa Liberia ambao wana maandishi yao wenyewe, waliona kwamba kujua kusoma ni jambo moja na kupitia shule ni jingine, na mengi tuliyodhani yanaletwa na kusoma yanaletwa na mazoea ya darasani. Mwaka 2008 Jeffrey Arnett alihesabu waliotafitiwa katika majarida makubwa ya saikolojia ya Marekani, akakuta 96% wanatoka nchi tajiri za Magharibi zenye 12% tu ya watu wa dunia. Vitabu mnavyokariri vimejengwa juu ya hao.

Dhuluma hii ina historia. Mwaka 1953 Shirika la Afya Duniani lilichapisha kazi ya J. C. Carothers, daktari aliyewahi kuongoza hospitali ya magonjwa ya akili ya Mathari, Nairobi, iliyomfananisha Mwafrika wa kawaida na Mzungu aliyekatwa sehemu ya mbele ya ubongo. Iliandikwa kwa lugha ya kitaalamu, ikaheshimiwa. Jamii yetu inapenda karatasi yenye namba na mhuri kuliko neno la mlezi aliyeishi na mtoto miaka yote. Shule zinataka orodha ya “wazito” wa kuelewa ili kuwapunguza. Wazazi wanataka cheti cha kujivunia. Nanyi, wanangu wapenzi, mnageuzwa mkono wa kupigia mhuri.

Lakini msikimbilie upande wa pili. Nawasikia wengine mkisema kila kabila lina ubongo wake, kwamba watu wetu hawakuumbiwa hesabu dhahania. Huo ni uongo uleule umevaa nguo za nyumbani. Wale Wakpelle waliweza njia zote mbili. Na ubongo hubadilika hata ukubwani: Stanislas Dehaene na wenzake, mwaka 2010, waliwachunguza watu wa Brazil na Ureno, wakiwemo waliojifunza kusoma wakiwa watu wazima, wakakuta sehemu ya ubongo upande wa kushoto imeanza kuitikia herufi. Kuandika ni uvumbuzi wa miaka kama 5,000 tu. Watu waliubuni, nao ukarudi kupanga upya vichwa vya watu.

Wala akili haipokei utamaduni kama ulivyo. Frederic Bartlett, katika kazi aliyoichapisha 1932, aliwasomesha Waingereza hadithi ya wenyeji wa Amerika Kaskazini, akawataka waisimulie tena baadaye. Mitumbwi ikawa mashua za kawaida, mambo ya mizimu yakapungua au kutoweka, na hakuna aliyekusudia kudanganya. Kila mmoja aliitengeneza hadithi hadi ikaingia katika yale aliyokuwa anayajua. Nyinyi nanyi mnafanya hivyo mnapoandika ripoti juu ya mtoto ambaye hamjui anavyoishi.

Kwa hiyo nawaomba, na ninaomba kwa upendo. Jibu lisilolingana na karatasi yenu liandikeni neno kwa neno, kwa lugha aliyoitumia mtoto, hata kama fomu haina nafasi. Muulizeni sababu. Mpeni kazi ileile kwa kitu alichozoea kukishika, mlinganishe. Mwajiri akiwaambia muda hautoshi, mwambieni kwamba basi hamtasaini.

Mzee wenu