Bei ya mchele haipandishwi na ukame peke yake

Mhariri,

Makala yenu kuhusu kupanda kwa bei ya nafaka yaliutaja ukame tu, ilhali tafiti zilizochapishwa juu ya msukosuko wa mchele wa mwaka 2007 hadi 2008 zinaeleza kwamba mavuno ya dunia hayakuwa mabaya, bali India na Vietnam zilizuia kuuza nje, Ufilipino ikanunua kwa pupa, na bei ikapanda karibu mara tatu katika miezi michache. Wafanyabiashara nao walificha magunia, jambo linaloeleweka, ingawa liliwaumiza walaji. Julai 2023 India ilizuia tena mchele mweupe usio wa basmati, na bei ya dunia ikapanda. Waandishi wenu wawahoji pia mawaziri wa biashara, si watabiri wa hali ya hewa pekee.

Msomaji wenu